Barua ya wazi kwa wakubwa wa bahari: wapeni vijana usukani, sio cheti peke yake

Kwa waheshimiwa mawaziri wenye dhamana ya uchukuzi, Bara na Visiwani, kwa wakuu wa mamlaka za usafiri majini, kwa wakuu wa vyuo vya ubaharia, na kwa nyie wenye meli mnaopakia na kushusha kwenye mwambao huu.

Poleni na majukumu. Mimi ni baharia, kazi yangu ni chifu ofisa, msaidizi wa kwanza wa kapteni, kwenye meli ndogo ya mizigo ya mwambao, nimezaliwa Pangani, mtoto wa nahodha wa jahazi na mjukuu wa nahodha wa jahazi. Nina miaka ishirini na mbili kwenye maji ukitoa ile ya utotoni. Barua za kiofisi siziwezi, ntaandika vile ninavyoongea, ila naomba msome mpaka mwisho maana jambo lenyewe ni la kufa na kupona.

Vijana wetu wanatoka chuoni wanajua kanuni za kuepuka kugongana kama wanavyojua Fatiha, wanajua kusoma chati, wanajua rada, alafu ukimpa usukani akulete gatini mikono inatetemeka kwa sababu hajawahi kuachiwa hata siku moja. Hawana kosa. Sisi ndo hatujawafundisha, na nasema sisi kwa sababu na mimi nimo.

Miaka kadhaa nyuma nilikuwa sekendi ofisa kwenye meli ya kampuni moja, siitaji. Tukaletewa kadeti, yaani mwanafunzi wa ubaharia anayejifunza melini, kijana wa Kigoma, mpole, kichwa kizuri. Baadae ndo nikajua ile nafasi aliinunua, wakala kachukua hela ya ng'ombe wawili wa baba yake ndo akampa meli, wakati mkataba wa kimataifa wa kazi za mabaharia wa 2006 unasema wazi kwamba baharia hatozwi pesa ya kutafutiwa kazi, anachogharamia mwenyewe ni paspoti, kitabu chake cha ubaharia na cheti cha afya basi. Kijana miezi minane kazi yake ikawa kugonga kutu, kupaka rangi, kufagia ngama, chini kabisa ndani ya meli, na kumsaidia mpishi. Briji, chumba cha juu cha kuongozea meli, alikuwa anapanda kuleta chai. Kugonga kutu nako ni ubaharia jamani, sikatai, mtu asiyejua kutu inaanzia wapi hakijui chombo chake, lakini usukani nadhani alishika mara tatu au nne, tena katikati ya bahari ambako hata ukiuachia hamna cha kugonga.

Usiku wa mwisho kabla hajashuka akaja na rekodi buku yake. Kwa wasiojua, hiki ni kitabu cha kadeti, kila kazi anayofundishwa melini inaandikwa humo, na ofisa aliyemsimamia anasaini kwamba nimemwona akiifanya na anaiweza. Kurasa zilikuwa nyeupe. Kapteni akasema msainieni kijana asije akakosa mtihani. Tukakaa mezani baada ya kula, sahani zikasogezwa pembeni, mimi nikasaini. Kalamu moja ya bluu, usiku mmoja. Kutia nanga, nimesaini. Kuleta meli gatini, nimesaini. Kugeuza meli kumfuata mtu aliyeanguka baharini, nimesaini. Hamna hata moja aliyoifanya mbele yangu. Naliandika hili hadharani kwa sababu saini ni yangu, siwezi kuwaandikia nyie barua ya lawama huku mkono wangu nimeuficha mgongoni.

Mwaka na nusu ukapita tukakutana tena kwenye meli nyingine, yeye sasa thadi ofisa, chini yangu mimi sekendi, ana cheti chake, anashika zamu peke yake saa mbili mpaka saa sita usiku. Ilikuwa siku za giza, mwezi hakuna, kusi imelegea, yaani usiku wenyewe wa watu wa dagaa kutoka. Nikapanda briji kama robo saa kabla ya saa sita kupokea zamu. Nikasimama kwanza macho yazoee giza maana ukitoka kwenye taa huoni kitu. Yeye alikuwa ameinamia skrini. "Hamna kitu sekendi, kweupe." Nikaangalia nje, nikaona kitu cha manjano chini kabisa juu ya maji, kikapotea nyuma ya wimbi, kikarudi. Karabai. Iko mbele yetu, kidogo tu upande wa kushoto. Dau la mbao halina mtambo wa kujitangaza kwenye skrini ya mtu, na rada inaliona kwa tabu, na wimbi likiwa kubwa hailioni kabisa.

Nikapiga kelele, kijana mkono ukaenda kwenye otopailoti, mtambo unaoshika usukani wenyewe, akageuza kulia digrii chache na akaacha hapo hapo. Nikamsogeza, nikatoa otopailoti, nikaweka usukani wote kulia. Pua ikaanza kuondoka, nikamsikia anashusha pumzi, kwake yeye imeisha. Haijaisha. Pua ikienda kulia tezi, yaani nyuma ya meli, inakwenda kushoto, meli ya mita themanini inafagia bahari kama mlango unavyofagia sakafu, na dau lilikuwa linakuja moja kwa moja kwenye ule ufagio. Nikasubiri mpaka taa ikafika ubavuni, nikarudisha usukani wote kushoto tezi iondoke. Tulipita karibu kiasi kwamba niliziona sura zao. Walikuwa wanne. Mmoja kasimama kainua karabai juu ya kichwa kwa mikono miwili, na mtoto wa miaka kama kumi na mbili amekaa chini kashika upo wa kufulia maji, anatuangalia tu, hata kulia halii. Mawimbi yetu yakawarusha, dau likainama, likasimama. Wakatutukana mpaka sauti zikaishia mbali, na walikuwa na haki.

Yule kijana akakaa chini kwenye kona ya briji. Akaniambia, "Sekendi, mi nilijua ukishageuza pua imetosha." Hilo tu. Hakuna aliyewahi kumwonyesha tezi linakwenda wapi, na kwenye kitabu chake ukurasa wa kugeuza meli una saini yangu.

Waheshimiwa, meli haigeuki kama gari. Gari linageuzwa mbele, nyuma inafuata. Meli inageuzwa kwa kusukumwa tako, na ikiwa inakwenda mbele inajizungusha kwenye sehemu ambayo iko karibu na pua, kama theluthi moja ya urefu kutoka mbele au pungufu ya hapo, kwahiyo sehemu kubwa ya meli iko nyuma ya hiyo sehemu na ndo inayotembea. Ukirudi kinyumenyume sehemu ile inahamia nyuma na kila ulichozoea kinabadilika. Propela inayozunguka kulia ukiirudisha nyuma inavuta tezi kushoto, ndo maana utaona manahodha wengi wakipewa uchaguzi wanalaza gatini ubavu wa kushoto, meli yenyewe inawasaidia kujilaza. Kwenye maji ya kina kidogo chombo kinazama zaidi kadri unavyokimbia, tena ukipunguza mwendo kwa nusu ule mzamo unabaki kama robo, wakati huo huo usukani unakuwa mzito na meli haitaki kusikia. Meli tupu na meli iliyoshiba ni meli mbili tofauti, ile tupu upepo unaishika kama tanga, ile iliyoshiba mkondo unaishika na haisimami upesi. Na breki hamna.

Haya yote yako kwenye vitabu, kijana anaweza kuyajibu kwenye mtihani akapata mia. Lakini kuna kuyajua kwa kichwa na kuna kuyajua kwa nyayo. Mtu aliyeshika anajua kwa nyayo kwamba meli imeanza kugeuka kabla dira haijasogea, anasikia injini inavyotetemesha sakafu wakati kina kimepungua, anaangalia kamba ya gatini inavyolia anajua hii inakatika na anawaondoa watu hapo, maana kamba ikikatika inarudi kwa nguvu za kumkata mtu miguu. Hiyo huipati kwenye karatasi. Simuleta, ile mitambo ya kuigiza uendeshaji wa meli, ni nzuri, nazipenda na nimejifunzia, pale unazamisha meli asubuhi na mchana unakula wali. Sasa ndo hapo, simuleta haikupi hofu, na bila ile hofu mtu hajajua mikono yake itafanya nini siku ya siku.

Babu yangu alinifundisha hivi. Kwanza alinipa bildi, ile risasi ya kupimia kina, chini ina shimo, anapachika kipande cha sabuni humo. Nikitupa nasoma pima kwenye kamba, nikivuta juu namwonyesha sabuni imeganda nini, mchanga mweupe, tope, au vipande vya matumbawe, na kwa hicho anajua tulipo hata usiku. Alafu akawa ananifunga macho kwa kilemba chake ananiuliza upepo shavu gani. Sasa shavu gani. Sasa je. Nilikuwa nachoka nataka kulia lakini mpaka leo nikitoka nje ya briji shavu linaniambia kabla ya mtambo. Nikajifunza kubisha, kwenda kwa kukata huku na huku dhidi ya upepo, maana jahazi kwenda joshi, upande unakotoka upepo, halikubali uongo, ukikaza tanga kupita kiasi linakufa, ukilegeza linakusukuma demani, upande unakokwenda upepo, unajikuta juu ya mwamba. Jahazi linakufundisha kwamba chombo kinakwenda pembeni wakati pua inaangalia mbele. Vijana wengi wa injini hili hawalijui kabisa, wanaamini meli inakwenda inakoangalia.

Nilipofika miaka kumi na nne akanipa usukani kuingiza jahazi mto Pangani. Wanaopajua wanajua pale mlangoni kuna fungu, mchanga unahama, lazima usubiri maji yajae na uangalie mawimbi yanapovunjika, panapovunjika ndo pana kina kidogo, unatafuta ule mkanda ambao wimbi linainuka lakini halivunjiki. Babu alisimama nyuma yangu mikono mgongoni, kimya. Nilikosea. Nilichelewa kugeuza, tukagusa, jahazi likakwaruza mchanga, wimbi la nyuma likatunyanyua likatupitisha. Hakusema neno mpaka tumetia nanga, alafu akaniuliza, "Umesikia alivyolia?" Nikasema nimesikia. "Basi hutasahau." Alijua kabisa ntagusa. Aliacha niguse kwa sababu maji yalikuwa yanajaa, chini ni mchanga na ngama ilikuwa haina mzigo wa kuharibika. Kosa aliliona kwanza yeye, akalipima kwamba linarekebishika, ndo akaniachia.

Ndo hicho ambacho leo hakipo, na ndo ninachokuja kuwaomba. Ubaharia wa kuongoza chombo unafundishwa kwa kumwachia mtu akosee pale ambapo kosa linarekebishika, na pembeni yake amesimama mtu anayejua lini achukue usukani. Kapteni wa leo hana ruhusa ya kufanya hivyo. Dizeli ina mwenyewe, muda wa gati una bili, mwenye meli anapiga simu kila nusu saa, na akikwaruza ubavu kwa sababu alimwachia kadeti ni yeye atakayeitwa kujieleza, sio kadeti. Kwahiyo anafanya mwenyewe miaka yote, siku anastaafu anaondoka na mikono yake. Siwalaumu makapteni. Mtu mmoja hawezi kubadilisha hili akiwa peke yake melini, ni nyie mnaotoa leseni, mnaoandika masharti na mnaomiliki meli za umma.

Mkataba wa kimataifa wa mafunzo ya mabaharia, ule wa 1978 uliofanyiwa marekebisho makubwa 1995 na tena Manila 2010, unamtaka anayetaka kuwa ofisa wa zamu awe na miezi 12 baharini kwenye mafunzo yaliyoidhinishwa, na ndani yake angalau miezi 6 awe kwenye zamu ya briji chini ya ofisa anayemsimamia. Asiye na mafunzo hayo anatakiwa miezi 36. Sasa mkoani kwangu nawajua vijana waliomaliza darasa wanasubiri sitaimu, ile miezi ya baharini, mwaka wa tatu, wanauza samaki wa kukaanga, wanaendesha bodaboda, mmoja analinda geti la hoteli na sare yake ya chuo iko kwenye begi. Wakipata nafasi wanaipata kwa kununua, na aliyenunua hana mdomo wa kudai afundishwe. Huyu anakuja kushika zamu juu ya kichwa cha yule mtoto mwenye upo.

Naomba hivi. Kila meli na kila boti inayopewa leseni ya kufanya kazi kwenye mwambao na kwenye maziwa yetu, ukubwa ukifika kiasi mtakachokipanga, ibebe kadeti wawili, na liwe sharti la leseni kama yalivyo maboya ya kuokolea, sio ombi. Meli za serikali zianze, maana huwezi kumwambia mfanyabiashara abebe wakati zako ziko tupu. Na kapteni anayefundisha alipwe posho ya kufundisha, na iandikwe kwamba akimwachia kadeti chini ya macho yake kwa utaratibu uliokubaliwa na likatokea la kukwaruza rangi hatoitwa kama mhalifu. Bila hilo la mwisho mtajaza meli kadeti na wote watapaka rangi.

Rekodi buku nazo msiziamini hivi hivi, na mimi ndo shahidi wenu. Mtahini asikae ofisini Dar kuangalia saini, apande melini na kadeti wake, amwambie nitilie nanga hapa. Aone kama kijana anakuja akikabili mkondo, aone kama anajua chombo kimesimama kwa kuangalia maji ubavuni, aone anatoa mnyororo kiasi gani kwa kina kile na chini ile, na baada ya hapo anachukua alama mbili za nchi kavu kuangalia kama nanga inakokota. Nusu saa inatosha kujua mtu anaweza au hawezi. Kalamu yangu isingepita hapo.

Alafu kuna kitu kiko wazi mbele ya macho yetu. Kivuko cha Magogoni kwenda Kigamboni, jijini Dar, kinavuka dakika chache tu, kutwa nzima kinaondoka na kufika, kinaondoka na kufika, kinakata njia ya meli zinazoingia bandarini, upepo unabadilika, maji yanakupwa na kujaa, mkondo unageuka mara nne kwa siku. Mimi kwenye meli yangu naweza kukaa mwezi mzima nikalaza gatini mara sita. Kadeti akikaa wiki moja pale, alfajiri kabla watu hawajawa wengi, pembeni yake nahodha mzoefu, atakuwa amefika na kuondoka mara nyingi kuliko mimi mwaka mzima. Hata wenzetu wa Mombasa pale Likoni wana kitu hicho hicho, bahari ni ile ile na kusi ni ile ile, na chuo cha ubaharia wanacho pale pale mjini.

Na kama pesa ya meli ya mafunzo ni tatizo, angalieni wanavyofanya Ufaransa pale Port Revel karibu na Grenoble, mlimani kabisa, mbali na bahari. Tangu 1967 wana bwawa na vimeli vidogo vilivyotengenezwa kwa kipimo cha moja kwa ishirini na tano, mtu mzima anakaa ndani kama kwenye mtumbwi, na makapteni na marubani wa bandari wa meli kubwa kabisa wanakwenda pale kusoma. Kile kidude kinatii maji na upepo kama meli yenyewe ila kwa kipimo hicho mambo yanatokea mara tano haraka zaidi, kwahiyo saa moja ya pale ni kama saa tano za meli kubwa, na ukigonga umegonga kidude. Sisi tuna mafundi wa vyombo Nungwi wanaochonga taruma, mbavu za chombo, na kupiga kalafati, kuziba nyufa za mbao, kwa macho tu bila ramani, tuna mikono ya bahari iliyotulia, Tanga, Mtwara, na ziwa zima pale Mwanza. Mpeni fundi wa Nungwi michoro na mhandisi wa kumsaidia kupima uzito, uone kama hatatoa kimeli. Hili halihitaji mkopo wa Benki ya Dunia.

Jahazi pia. Msicheke, naomba chuo kiwe na jahazi. Oman ni nchi ya mafuta, pesa ipo, na bado wanayo meli ya matanga ya kufundishia vijana wao, Shabab Oman ya pili, na vijana wanapanda mlingoti. Sisi tuna manahodha wa majahazi wako hai, wazee wa Pangani, Kilwa, Mkokotoni, Wete, wanakaa barazani wanacheza bao na wanajua kila fungu kutoka Tanga mpaka Msumbiji, wanajua bamvua, yale maji makubwa, ya mwezi gani inapitisha chombo mlango gani. Hakuna anayewaita. Meli ya Sayyid Said, Sultana, ilipita hapa Unguja ikavuka mpaka New York mwaka 1840 chini ya Ahmad bin Naaman, kwa matanga. Wazee hawa wakifa tunazika maktaba, na wengi wameshakufa, babu yangu mmojawapo. Walipeni kwa siku, msiwadai cheti, wakae nyuma ya kijana mikono mgongoni.

Mabinti nao. Wako vyuoni na wengine ndo wanaongoza darasa, ila meli zinawakataa kwa maneno kwamba hamna chumba. Chumba kinagawika kwa mbao na kitasa, nimeona kikifanyika kwa siku mbili.

Na mtu asidhani naongelea kugeuza meli tu. Ubaharia ni pamoja na kukataa kuondoka. Kumbukeni vyombo vilivyozama na watu: MV Bukoba 21 Mei 1996, Spice Islander 10 Septemba 2011, Skagit 18 Julai 2012, MV Nyerere 20 Septemba 2018 karibu kabisa na gati la Ukara, kivuko cha watu 101 kimebeba zaidi ya mara mbili, 228 hawakurudi. Kadeti aliyefundishwa kwenye sitaha ya kweli, akaangalia alama za kuzama ubavuni mwa chombo zinavyopotea moja moja watu wakipanda, akasikia chombo kinavyochelewa kurudi kikilala upande, huyo mwili wake unamwambia hapana kabla hajapiga hesabu. Yule aliyeusoma uzani wa chombo darasani peke yake atajua fomula, ila mwenye boti akimwambia ondoka ataondoka. Tumekuwa na maombolezo ya kitaifa, tumeunda tume, mara nyingi tunachoongeza baada ya hapo ni karatasi za kukagua. Ongezeni na mikono.

Yule kijana wa Kigoma tulikaa naye miezi saba baada ya usiku ule. Nilimwomba kapteni, mtu mwema, akakubali. Kila tukiwa na maji mengi na hamna haraka tunatupa galoni la mafuta tupu baharini tumelifungia kitambaa chekundu, namwambia mtu kaanguka kulia, mfuate. Usukani wote kulia, upande aliko, ili tezi liondoke kwake. Mwelekeo ukishabadilika digrii sitini weka wote kushoto, meli inajizungusha inarudi kwenye njia yake mwenyewe inaangalia ilikotoka. Mara ya kwanza galoni hatukuliona tena. Mara ya tano tulipita mita mia mbili. Sikumbuki ilikuwa ya ngapi, asubuhi moja nje ya Mafia, alilileta galoni ubavuni taratibu, meli imesimama, serahangi, mkuu wa mabaharia wa sitaha, akalivuta na ndoano bila hata kunyoosha mgongo, na watu wa injini wote wakatoka nje kupiga makofi. Leo ni chifu ofisa kwenye meli za nje, na kila akipata kadeti ananitumia picha ya galoni.

Meli niliyopo sasa ina kabini ya kadeti, iko nyuma upande wa kushoto, imechorwa hivyo hivyo na waliounda meli, vitanda viwili, kabati mbili, meza ya kusomea na taa yake. Kwa sasa tumehifadhia makopo ya rangi na kamba za zamani. Nilishamwambia serahangi, siku simu yenu ikija inachukua saa moja kuvitoa, na magodoro yapo bado kwenye nailoni.

Wenu baharini,
Chifu ofisa, mtu wa Pangani